Darasa la Mapishi ya Kimeksiko Ukiwa Safarini: Mwongozo Kamili kwa Anayetaka Kurudi Nyumbani Akijua Kupika

Mahindi tunayosongea ugali asili yake ni Meksiko. Wakulima wa huko waliyaendeleza kutoka kwenye nyasi ya porini iitwayo teosinte, miaka 9,000 hivi iliyopita, katika bonde la mto Balsas. Mbegu zilipovuka bahari hadi kwetu, ujuzi mmoja ulibaki nyuma: kuyachemsha mahindi na chokaa kabla ya kuyasaga. Ujuzi huo ndio unaotenganisha unga wa ugali na tortilla, ile chapati nyembamba ya Kimeksiko, na ndio wa kwanza mikono yako inapaswa kuupata ukiamua kulipia darasa la mapishi huko.

Madarasa ni mengi, na si yote yanafundisha. Katika mengine mgeni huvalishwa aproni, akapigwa picha akikoroga chungu kilichokwisha kupikwa, kisha akakaribishwa mezani. Ni mlo mzuri, lakini nyumbani hatarudi na ujuzi wowote. Mwongozo huu ni wa msafiri anayetaka kujifunza kweli: namna ya kuchagua, kujiandaa, kufanya kazi jikoni, na kuufikisha ujuzi hadi kwenye jiko lake.

Chagua mji kwanza

Meksiko si jiko moja. Kaskazini watu hula sana tortilla za ngano na nyama ya kuchoma. Yucatán hupika kwa machungwa makali na achiote (mbegu nyekundu za kutia rangi na ladha), nyama ikiwa imefungwa kwenye majani ya mgomba. Puebla inajivunia mole poblano (mole ni mchuzi mzito wa pilipili na viungo vilivyosagwa) na chiles en nogada, pilipili zilizojazwa nyama na kumwagiwa mchuzi wa jozi, ambazo msimu wake ni Agosti na Septemba. Kama una siku mbili tu Mexico City, darasa la mtaa wa Roma au Coyoacán litakupa mwanzo mzuri.

Lakini ukiniuliza mimi, nenda Oaxaca. Ni mji ulio kusini, mita 1,550 hivi juu ya usawa wa bahari, na mabonde yake bado yanalima mahindi ya asili ya rangi nyingi: meupe, ya manjano, mekundu, ya buluu. Hapo ndipo nyumbani kwa mole saba zinazotajwa kila mahali: negro, rojo, coloradito, amarillo, verde, chichilo na manchamanteles. Walimu wengi ni wanawake wanaopika vyakula hivyo hivyo kwa ajili ya familia zao na sherehe za kijiji chao. Kutoka Mexico City ni mwendo wa saa moja kwa ndege, au saa sita hadi saba kwa basi kutoka kituo cha TAPO. Basi hupita milimani, na barabara ina kona nyingi. Mwenye kuchafukwa na tumbo safarini ajiandae.

Panga darasa lako na siku ya gulio. Tlacolula ni Jumapili, Etla Jumatano, Zaachila Alhamisi, Ocotlán Ijumaa. Magulio haya ni ya wanakijiji wenyewe, si ya watalii, na mwalimu anayekupeleka huko anakufundisha nusu ya kazi kabla hujawasha moto.

Viza, njia na majira

Wenye pasipoti za Tanzania, Kenya, Uganda, Rwanda, Burundi na Kongo (DRC) wanahitaji viza ya Meksiko. Kuna njia ya mkato: ukiwa na viza hai ya Marekani, Kanada, Uingereza, Japani au nchi za Schengen, au ukaazi wa kudumu wa huko, unaingia kama mtalii bila viza ya Meksiko. Ndugu zetu wengi walioko Ughaibuni wanaangukia hapo bila kujua. Asiyekuwa nayo, ubalozi wa Meksiko uko Nairobi. Angalia pia viza ya kupitia: kuunganisha ndege Marekani kunadai viza ya Marekani hata kama hutoki uwanjani, na mwenye pasipoti ya Kongo anahitaji viza ya kupitia viwanja vya Schengen. Waliomo Ghuba wana njia ya Dubai kupitia Barcelona. Wa Afrika Mashariki wengi hupitia Istanbul, Amsterdam au Paris.

Kuhusu majira, mvua hunyesha kuanzia Juni hadi Septemba au Oktoba, mara nyingi alasiri, na haiharibu darasa la asubuhi. Majuma mawili ya mwisho ya Julai kuna sherehe za Guelaguetza, na mwisho wa Oktoba hadi Novemba 2 kuna Siku ya Wafu. Nyakati hizo mji hufurika na vyumba hupanda bei. Ukitaka kuja wakati huo, weka nafasi miezi kadhaa kabla. Ukitaka utulivu na mwalimu asiyekimbizana na muda, njoo Januari, Februari au Mei.

Namna ya kulitambua darasa la kweli

Usianze na picha wala nyota za wasifu. Andika ujumbe na uulize maswali, kisha pima majibu.

Swali la kwanza: masa, yaani unga mbichi wa tortilla uliokwisha kukandwa, utatoka wapi? Jibu bora ni kwamba mahindi yamechemshwa na chokaa usiku uliotangulia na mtayasaga wenyewe, kwenye jiwe au kwa mashine ya jirani. Jibu la kati ni kwamba yamesagwa asubuhi hiyo kwenye kinu cha mtaani. Wakikwambia ni unga wa pakiti, utajifunza kukandamiza tortilla tu, na hilo unaweza kujifunza popote.

La pili: tutapika vyakula vingapi? Watu huvutiwa na darasa lenye vyakula vinane. Ndani ya saa tano hakuna mtu anayepika vyakula vinane; anatazama. Tafuta vitatu au vinne: tortilla, salsa mbili (michuzi ya pilipili ya kuchovea), mole moja, na kinywaji. Hapo mkono wako utapata kazi.

La tatu: wanafunzi wangapi? Zaidi ya kumi, wengine watakuwa wanakata kitunguu kona moja huku mole ikipikwa kona nyingine. La nne: nani anafundisha, na anapika wapi siku nyingine? Hapa sichagui baina ya mpishi wa hoteli na mama wa kijijini kwa sababu ya cheo. Wote wanaweza kuwa walimu hodari. Ila mwaka 2010 UNESCO ilipoyaingiza mapishi ya jadi ya Meksiko kwenye orodha ya urithi usioshikika wa binadamu, kilichotambuliwa kilikuwa mfumo mzima: shamba, jiwe la kusagia, moto, na ujuzi unaorithishwa nyumbani. Wapishi wa jadi ndio wenye mfumo huo. Kijiji cha Teotitlán del Valle, kilomita 30 hivi mashariki mwa Oaxaca, kinajulikana kwa wafumaji wa mazulia, lakini pia ndiko aliko Abigail Mendoza, aliyeufanya upishi wa kusaga kwa jiwe wa Wazapoteki, wenyeji wa asili wa Oaxaca, ujulikane duniani. Ndiko pia Reyna Mendoza anakofundishia kwa jina la El Sabor Zapoteco. Ukipata nafasi katika kijiji hicho, usiiache.

Uliza pia kama bei imejumuisha usafiri, soko, mlo na mapishi yaliyoandikwa. Kwa bajeti, tenga dola 70 hadi 120 kwa mtu kwa darasa la pamoja, na zaidi kama ni la faragha. Kulipa moja kwa moja kwa mwalimu badala ya kupitia dalali wa mtandaoni mara nyingi humwachia yeye sehemu kubwa zaidi ya hela yako.

Andika mapema unachokula na usichokula

Sehemu hii isome kwa makini kama wewe ni Mwislamu, au kama huli nguruwe kwa sababu yoyote.

Mafuta ya nguruwe, manteca, yamo ndani ya vyakula ambavyo kwa macho havina nyama kabisa. Maharage ya kukaanga hupikwa kwayo. Tamale, unga wa mahindi uliofungwa kwenye majani na kupikwa kwa mvuke, huumuliwa kwayo. Mole hukaangwa kwayo. Tlayuda, ile tortilla kubwa ya Oaxaca iliyokaushwa kidogo, hupakwa asiento, ambayo ni masalia ya mafuta ya nguruwe chini ya sufuria. Nyama ya cecina enchilada ni nguruwe, chorizo vivyo hivyo. Tasajo ni ng'ombe, lakini haikuchinjwa kwa sheria ya Kiislamu. Kwa hiyo kuuliza "kuna nyama?" hakutoshi. Uliza: *¿Lleva manteca?*

Jambo jema ni kwamba jiko la kale la Meksiko halikuwa na nguruwe wala ng'ombe. Waliletwa na Wahispania. Mahindi, maharage, maboga, pilipili, nyanya, uyoga na majani ya porini vinatosha kujaza meza. Tuma ujumbe huu siku chache kabla: *Somos musulmanes. ¿Podemos cocinar sin manteca, sin carne y sin alcohol? El aceite vegetal está bien.* Yaani: sisi ni Waislamu, tunaweza kupika bila mafuta ya nguruwe, bila nyama na bila pombe? Mafuta ya mimea ni sawa. Mwalimu mwenye uzoefu atakubadilishia mafuta na supu ya kuongezea, na mole amarillo ya mboga au uyoga ni chakula kamili kisichoombea radhi. Mezcal, pombe kali ya mmea wa agave, itakaribishwa mezani karibu kila mahali. *No tomo, gracias* inatosha, na hakuna atakayekulazimisha.

Mwenye mzio wa karanga, lozi au ufuta aseme mapema zaidi. Mole nyingi zina kimoja au zaidi ya hivyo, na jiwe lililosagia karanga jana halisafishiki kiasi cha kumlinda mtu mwenye mzio mkali. Kwa karanga, mwanamume husema *soy alérgico al cacahuate*, mwanamke *alérgica*.

Siku yenyewe: sokoni

Madarasa mengi huanza saa tatu asubuhi na kumalizika saa nane au saa tisa mchana, kwa sababu huo ndio wakati wa mlo mkuu wa siku. Kunywa chai nyepesi tu. Vaa viatu vilivyofungwa, nguo isiyo na mikono mipana ya kulegea, na uvue pete: masa huingia kila mahali. Kata kucha. Mwenye lenzi za macho avae miwani siku hiyo, kwa sababu ya pilipili. Beba pesa ndogo ndogo za peso, daftari, na mzani mdogo wa jikoni kama unao.

Sokoni, salamu kwanza. *Buenos días* kabla ya kuuliza bei, kama vile usivyoweza kumfikia mama muuza mboga Kariakoo au Marikiti ukaanza na "hii shilingi ngapi". Usitomase matunda. Omba ruhusa kabla ya kupiga picha ya mtu, na kama hapendi, acha.

Mwombe mwalimu akusimamishe mbele ya magunia ya pilipili kavu, na muda wako utumie hapo. Ancho ni poblano iliyokaushwa, tamu na isiyowasha sana. Guajillo ni nyekundu, laini na yenye ukali mdogo. Mulato ni nyeusi, ina harufu ya chokoleti. Pasilla ya Oaxaca hukaushwa kwa moshi katika milima ya Wamixe. Chilhuacle nyeusi, ambayo ndiyo roho ya mole negro, hulimwa sehemu chache tu na bei yake itakushtua. Nusa kila moja. Vunja kipande ukiruhusiwa: pilipili nzuri hukunjika kama ngozi, ikipasuka kama jani kavu imezeeka.

Kisha majani. Epazote ina harufu kali na huwekwa kwenye maharage. Hoja santa ni jani kubwa lenye umbo la moyo. Jani la mparachichi wa Kimeksiko hunukia kama anisi, na hukaushwa. Usiende kuchuma la mparachichi wowote wa nyumbani, kwa sababu aina nyingine hazina harufu hiyo na zipo zisizofaa kuliwa. Utawaona pia wauzaji wa chapulines, panzi waliokaangwa kwa ndimu, kitunguu saumu na chumvi. Aliyekulia Bukoba au Kampala akila senene hatahitaji kushawishiwa.

Mkifika kwenye tejate, kinywaji cha mahindi, kakao na kokwa ya mamey kinachokorogwa kwa mkono hadi povu lisimame, kunywa, ila muulize mwalimu nani anatumia maji yaliyosafishwa. Maji ya bomba hayanywewi Meksiko. Jikoni penyewe utaona chupa kubwa za maji, na mboga za kuliwa mbichi zikilowekwa kwenye matone ya dawa. Usipoyaona, uliza.

Mahindi, chokaa na bamba la moto

Hapa ndipo pa kukaza macho. Kilo moja ya mahindi makavu huchemshwa kwenye lita mbili hadi tatu za maji na gramu 10 hivi za chokaa ya chakula, ambayo wao huiita cal. Maji hugeuka manjano. Baada ya nusu saa hivi ya moto wa wastani, chukua punje moja, isugue kwa vidole: ganda likibanduka na kiini bado kigumu, zima moto. Mahindi hulala humo usiku kucha. Asubuhi maji yale humwagwa, mahindi husuguliwa na kuoshwa, kisha husagwa yakiwa bado yamelowa.

Chokaa hufanya kazi tatu. Hulegeza ganda. Hufungua niasini, vitamini iliyomo ndani ya mahindi ambayo mwili hauwezi kuipata vizuri bila hivyo. Watu walioyachukua mahindi bila chokaa na kuyafanya karibu chakula chao pekee waliugua pelagra, ugonjwa wa kukosa niasini, Ulaya kusini na Marekani, na barani Afrika pia. Na kalsiamu ya chokaa huishikisha masa isivunjike. Ndiyo maana sembe yetu haitoi tortilla hata uikande vipi.

Ukipewa jiwe la kusagia, metate, piga magoti nyuma yake na utumie uzito wa mwili, si mikono peke yake. Sukuma mbele, inua, rudi. Dakika kumi zitakufundisha heshima kwa waliofanya hivyo maisha yao yote kabla ya mashine kuingia kijijini.

Masa usiikande kama chapati. Haina unga wa ngano ndani yake wa kuvutika, na hakuna cha kusubiri ilale. Inataka maji tu. Fanya donge dogo, libonyeze katikati: kingo zikipasuka, ongeza maji kwa kulowesha kiganja, likinata mkononi, umezidisha. Donge la gramu 30 hadi 35 hutoa tortilla ya sentimita 14 au 15. Liweke kati ya vipande viwili vya mfuko wa plastiki kwenye kikandamizi, kandamiza, geuza, kandamiza tena kidogo. Bandua plastiki kutoka kwenye tortilla, si tortilla kutoka kwenye plastiki. Hilo wanafunzi wengi hulikosea na mwalimu huchoka kulirudia.

Comal, bamba la udongo au chuma, iwe ya moto kweli. La udongo hupakwa maji ya chokaa kwanza ili masa isigande. Laza tortilla kwa mwendo mmoja wa mkono, bila kuirusha. Upande wa kwanza ni sekunde 15 hadi 20, mpaka kingo zianze kuachia. Geuza, upande wa pili ndio unaopikwa kwa muda, karibu dakika moja. Geuza tena, ubonyeze katikati taratibu kwa ncha za vidole. Ikiumuka, masa yako ni sawa na moto wako ni sawa. Isipoumuka, uliza sababu papo hapo, na ufanye nyingine. Usiondoke kwenye comal mpaka tatu mfululizo zimeumuka. Hata kama wenzako wameshahamia kwenye salsa, baki hapo. Tortilla zilizoiva hufungwa kwenye kitambaa ili mvuke wake ukamilishe kazi.

Pilipili

Futa pilipili kavu kwa kitambaa chenye unyevu, toa kikonyo, mbegu na nyuzi za ndani. Zikaange kavu kwenye comal kwa sekunde chache tu kila upande, mpaka harufu ibadilike. Zikiungua huwa chungu, na uchungu huo hautoki. Kisha loweka kwenye maji ya moto dakika 15 hadi 20. Onja maji ya kulowekea kabla ya kuyatumia. Yakiwa machungu, yamwage.

Mikono ikianza kuwaka, maji peke yake hayasaidii. Paka mafuta ya kupikia, sugua, ndipo uoshe kwa sabuni. Na usiguse macho.

Mole

Wengi hudhani mole ni mchuzi wa chokoleti. Chokoleti ni kipande kidogo, na mole nyingi hazina kabisa. Mole ni utaratibu: kila kiungo hutayarishwa peke yake kwa joto linalokifaa, kisha vyote husagwa na kukaangwa pamoja.

Ukiwa na darasa moja tu, chagua coloradito au amarillo. Zinakamilika ndani ya muda wa darasa na utaziweza nyumbani. Mole negro ni nzuri mno, lakini ni kazi ya siku nzima, wakati mwingine mbili. Mbegu za pilipili na tortilla huchomwa makusudi mpaka ziwe nyeusi kabisa, kisha huloweshwa kutoa uchungu, na moshi wake unakata pumzi, hufanyika nje. Darasa linaloahidi mole negro kamili kwa saa nne limeshatengeneza sehemu kubwa kabla hujafika. Ukiitaka hiyo, lipia darasa la siku mbili.

Kwenye coloradito utakutana na ancho na guajillo, nyanya na kitunguu saumu vilivyochomwa kwenye comal, ufuta, lozi, mkate au ndizi ya kukaanga, oregano, na viungo ambavyo mtu wa pwani atavitambua kwa kunusa: mdalasini, karafuu, pilipili manga. Viungo hivyo vilifika Meksiko kwa merikebu, vikiwemo vilivyobebwa na jahazi za Manila zilizovuka Pasifiki hadi Acapulco kati ya 1565 na 1815.

Fuata mambo manne kwa macho. Kwanza, ufuta na lozi vikaangwe kwa moto mdogo, kila kimoja peke yake, kwa kuwa ufuta huungua wakati lozi bado mbichi. Pili, usagaji: laini kabisa, na watu wa makini huchuja kwenye chekecheke. Tatu, kukaanga rojo, yaani mchanganyiko huo uliosagwa: mafuta yawe moto, mimina rojo yote mara moja, simama nyuma kidogo kwa sababu inaruka, koroga bila kuacha. Subiri mpaka ikolee rangi, iwe nzito, na mwiko ukipita chini ya sufuria uonekane. Mafuta yataanza kujitenga pembeni. Mpishi yeyote wa mchuzi anayengoja mafuta yaelee ameshaielewa dalili hii, na hapa ndipo haraka inapoharibu kila kitu. Nne, supu huongezwa kidogo kidogo, na chumvi, sukari au chokoleti huja mwisho kabisa baada ya kuonja.

Mwombe mwalimu akuonjeshe katika kila hatua: rojo mbichi, rojo iliyokaangwa dakika kumi, na mole iliyoiva. Ladha hizo tatu ukizihifadhi mdomoni utajua nyumbani umefika wapi.

Salsa ya kwenye jiwe

Molcajete ni kinu cha jiwe la volkeno chenye miguu mitatu. Ponda chumvi na kitunguu saumu kwanza mpaka viwe uji, halafu pilipili, mwisho tomatillo (mfano wa nyanya ndogo za kijani) au nyanya zilizochomwa. Ukianza na nyanya, kila kitu kitateleza na pilipili itabaki vipande.

Daftari

Mapishi utakayopewa yatasema "pilipili sita" na "kikombe cha ufuta". Pilipili ya ancho inaweza kuwa na uzito maradufu ya mwenziwe. Pima kwa gramu wewe mwenyewe na uandike. Andika pia vitu ambavyo mapishi hayasemi: rangi ya guajillo ilipotolewa kwenye comal, sauti ya rojo ilipoingia kwenye mafuta, uzito wa masa mkononi. Rekodi video fupi za mikono ya mwalimu, kwa ruhusa yake, hasa wakati wa kugeuza tortilla. Picha ya sahani iliyopambwa haitakusaidia jikoni.

Kama kuna jambo hukulielewa kwa sababu ya lugha, omba kulirudia kwa vitendo. Walimu wa vijijini wengi huongea Kizapoteki nyumbani na Kihispania na wageni. Mkono unaonyesha kuliko mkalimani. Waite *maestra* au *maestro*. Ni heshima inayofaa.

Mezani

Mkikaa kula, mtu husema *buen provecho* na wewe hujibu *gracias, igualmente*. Kula kwa mkono na tortilla ni sawa kabisa. Bakshishi ya asilimia 10 hadi 15 ni ya kawaida. Kama kuna wasaidizi waliosaga na kuosha vyombo, hakikisha inawafikia nao.

Kubeba nyumbani

Nunua pilipili kavu, jani la mparachichi, oregano ya Kimeksiko, chokoleti ya kupikia, na rojo nzito ya mole iliyofungwa. Rojo hiyo iende kwenye sanduku la chini ya ndege, kwa sababu kwenye mkoba wa mkononi huhesabiwa kama kimiminika. Cal ibebe ikiwa kwenye pakiti yenye chapa: unga mweupe ndani ya mfuko usio na maandishi utakuchelewesha kila uwanja. Jibini, nyama na mbegu za mahindi ziache, maana punje za kupanda zinahitaji vibali vya afya ya mimea. Ukipitia Marekani, tangaza kila chakula.

Vyungu vya udongo vinavyong'aa ndani viogope: rangi ya jadi ya kung'arisha huwa na madini ya risasi, ambayo ni sumu, na chakula chenye uchachu huitoa. Comal isiyopakwa kitu ni salama lakini itavunjika njiani. Tawa ya chuma ya nyumbani inafanya kazi ile ile. Kikandamizi cha chuma kinafaa kubebwa. Molcajete ni nzito, na ukiinunua, saga ndani yake mchele na chumvi mara kadhaa mpaka unga usitoke tena na mchanga wa kijivu, ndipo uitumie.

Wiki ya kwanza nyumbani

Pika ndani ya wiki moja, kabla mikono haijasahau. Aliyeko Chicago, Houston au Los Angeles atapata kila kitu kwenye duka la Wameksiko. Aliyeko Ulaya ataagiza mtandaoni. Aliyeko Afrika Mashariki aanze na unga wa masa wa pakiti akiupata, au achemshe mahindi yetu meupe makavu kwa cal aliyokuja nayo; yanakubali vizuri. Magadi hayashiki nafasi yake: hulainisha mahindi, ndiyo, lakini hayana kalsiamu ya kuyashikisha, na ladha yake itabaki. Chokaa ya ujenzi usiiguse. Mashine ya posho husaga nafaka kavu, kwa hiyo usipeleke huko mahindi yaliyolowa. Tumia kinu cha mkono cha kusagia nafaka. Blenda itakudai maji mengi, na masa ikilegea, ikaze kwa unga wa masa wa pakiti.

Pilipili zetu kali mbichi haziwezi kushika nafasi ya ancho na guajillo, kwa sababu hizo huwekwa kwa ajili ya rangi na mwili wa mchuzi, ukali ni ziada. Zile ulizobeba zifunge vizuri na uziweke mbali na mwanga. Rojo ya mole hukaa miezi kwenye friji ikiwa imefunikwa kwa mafuta juu. Ukiitaka, kaanga vijiko vitatu kwenye mafuta, ongeza nyanya moja iliyochomwa na kusagwa, kisha supu ya moto kidogo kidogo mpaka mchuzi uushike mgongo wa kijiko, na uache uchemke taratibu dakika ishirini kabla ya kuonja chumvi.